Wanaoandamana kudai demokrasia husukumwa na nini hasa: ugumu wa maisha au fikra?

Mdadisi ameuliza:

Wanajukwaa, salaam. Kwa muda sasa nimekuwa nikisoma historia ya mavuguvugu ya umma yaliyodai demokrasia katika nchi mbalimbali tangu miaka ya 1970, na kila ninapodhani nimekishika kiini chake, usomaji unaofuata hunirudisha nilikoanzia. Waandishi wa mkondo mmoja hushikilia kwamba kinachowatoa watu majumbani ni fikra: kwamba mamlaka ni mali ya wananchi, kwamba mtawala ni mtumishi anayeweza kuachishwa kazi, na kwamba sheria humbana mkubwa kama inavyombana mdogo. Waandishi wa mkondo wa pili huyabeza maelezo hayo. Wao husema kwamba watu wengi hutoka kwa sababu bei zimepanda, ajira hakuna na mshahara haufiki mwisho wa mwezi, na kwamba demokrasia ni vazi ambalo viongozi wa maandamano huyavisha malalamiko ya tumbo ili yasikilizwe kwa heshima na ulimwengu.

Kila upande una ushahidi wake. Migomo ya Poland ya mwaka 1980 ilianza baada ya bei ya nyama kupandishwa, na maandamano ya Sudan ya Desemba 2018 yalianza baada ya mkate kupanda bei. Kwa upande mwingine, waliotia saini Hati ya 77, tamko la kudai haki za binadamu huko Chekoslovakia, mwezi Januari 1977, hawakuwa wakilalamikia bei ya kitu chochote.

Ninaomba wenye ujuzi wanisaidie kuona uhusiano uliopo kati ya mambo haya mawili, kama upo. Tena, ni kwa nini watu huvumilia hali ileile kwa miaka ishirini, kisha wakainuka katika juma moja? Tafadhali tusiigeuze mada kuwa ugomvi wa vyama vya siasa, maana ninachotafuta ni kuelewa jinsi mambo haya yanavyotokea.

Shajara amejibu:

Ndugu Mdadisi, nitauchukua mfano wako wa Poland, kwa kuwa ukiufuata siku kwa siku unajibu zaidi ya nusu ya swali lako.

Ni kweli kwamba bei ya nyama ilipandishwa Julai 1980 na migomo ikazuka huku na kule. Hata hivyo, mgomo wa kiwanda cha kuunda meli cha Lenin mjini Gdańsk, ulioanza tarehe 14 Agosti, ulichochewa na kufukuzwa kazi kwa Anna Walentynowicz, mwendesha kreni aliyebakiza miezi michache tu kustaafu, ambaye kosa lake lilikuwa kujihusisha na harakati za kuanzisha vyama huru vya wafanyakazi. Siku mbili baadaye uongozi wa kiwanda ulikubali kumrudisha kazini yeye pamoja na fundi umeme Lech Wałęsa, ukakubali pia kuongeza mishahara, na Wałęsa akatangaza kwamba mgomo umekwisha. Wafanyakazi wa sehemu nyingine ndogo, waliokuwa wamegoma ili kuwaunga mkono wenzao wa kiwanda kikubwa, walijua kwamba wakiachwa peke yao watasagwa. Baadhi ya wanawake, Walentynowicz mwenyewe na nesi Alina Pienkowska wakiwemo, walikimbilia malangoni kuwasihi watu wasiondoke, na waliobaki wakauendeleza mgomo kwa ajili ya wenzao. Laiti shida ingekuwa nyama na mshahara pekee, habari ingeishia jioni ile ya tarehe 16 Agosti, kwa sababu mshahara ulikuwa umeshapatikana.

Madai yaliyoandikwa baada ya hapo yalikuwa 21. La kwanza lilikuwa kuwapo kwa vyama vya wafanyakazi visivyotawaliwa na chama tawala wala na mwajiri, la pili lilikuwa haki ya kugoma, na la tatu uhuru wa kusema na kuchapisha. Nyama ilikuwemo, pamoja na likizo ya uzazi, nafasi za watoto katika shule za chekechea na mapumziko ya Jumamosi, lakini yote hayo yalikuja baadaye katika orodha. Mpangilio huo haukuwa wa bahati. Wafanyakazi wa pwani ile walikuwa na kumbukumbu ya Desemba 1970, wenzao walipoandamana kupinga kupanda kwa bei za vyakula na wakapigwa risasi. Bei zilirudishwa chini miezi michache baadaye, lakini hakuna chombo kilichobaki mikononi mwa wafanyakazi. Mwaka 1976 bei zilipandishwa tena, migomo ikazuka Radom na Ursus, serikali ikafuta ongezeko lile upesi, kisha ikawafukuza kazi, kuwapiga na kuwafunga walioshiriki. Kufikia mwaka 1980 watu walikuwa wameshapewa na kunyang'anywa mara mbili. Walichojifunza ni kwamba nafuu inayotolewa na mtawala asiyewajibika kwa mtu yeyote inaweza kuondolewa na mtawala huyohuyo siku atakayojisikia.

Kwa maoni yangu, hapo ndipo ugumu wa maisha na fikra hukutana. Anayelalamikia bei anamwomba mtawala abadili uamuzi mmoja. Asipokuwa na mahali pa kupeleka lalamiko lake, au akipewa leo na kunyang'anywa kesho, huishia kuuliza ni nani aliyempa mtawala uwezo wa kuamua peke yake. Swali hilo la pili ni la kikatiba, hata kama anayeliuliza hajawahi kuifungua katiba.

Sudan ilionyesha mwendo huohuo, ila kwa kasi ya kushangaza. Tarehe 19 Desemba 2018 wakazi wa Atbara, mji wa reli wenye historia ndefu ya vyama vya wafanyakazi, waliingia mitaani baada ya mkate kupanda kutoka pauni moja hadi tatu, na siku hiyohiyo jengo la chama tawala mjini humo likateketezwa. Wakati huo Jumuiya ya Wanataaluma wa Sudan ilikuwa imepanga maandamano ya kwenda bungeni tarehe 25 Desemba kudai kima cha chini cha mshahara kiongezwe. Ilipoona hali ya mitaani, ilibadili dai na ikabadili pia njia: maandamano yakaelekezwa ikulu, na dai likawa kwamba rais ajiuzulu. Wito uliosikika miezi yote iliyofuata, hadi Omar al-Bashir alipoondolewa tarehe 11 Aprili 2019, ulikuwa uhuru, amani na haki. Sijakutana na maelezo yoyote ya umati uliodai mkate urudi kuwa pauni moja na basi.

Ningeweza kuongeza Benin, ambako watumishi wa serikali waliokaa miezi bila mishahara mwaka 1989 waligoma wakidai haki yao, na kufikia Februari 1990 nchi ilikuwa na mkutano mkuu wa taifa uliojitangazia mamlaka kamili juu ya rais aliyeuitisha. Lakini nadhani njia yenyewe imeshaonekana.

Mizani amejibu:

Ninakubaliana na Ndugu Shajara kwa sehemu kubwa, lakini maelezo yake yanaacha pengo. Kuna nchi nyingi ambako watu wamepewa na kunyang'anywa mara nyingi kuliko Poland, na bado hawakuinuka. Ninaona kwamba kati ya njaa na dai la katiba kuna jambo jingine, nalo ni kudharauliwa. Mtu huweza kuvumilia umaskini akiamini kwamba ni wa wote au kwamba utapita, lakini ni vigumu zaidi kuvumilia kuambiwa, kwa maneno au kwa vitendo, kwamba wewe si mtu wa kuhesabiwa.

Mtazameni Mohamed Bouazizi wa Sidi Bouzid, nchini Tunisia. Biashara yake ya matunda na mboga ilikuwa ndogo kwa miaka mingi, na umaskini wake haukuanza tarehe 17 Desemba 2010. Siku hiyo alinyang'anywa vifaa vyake vya kazi, akaenda kwenye ofisi za mkoa kulalamika, na hakuna aliyekubali kumsikiliza. Ndipo alipojichoma moto mbele ya ofisi hizo. Waandamanaji waliomfuata hawakudai mizani yake irudishwe. Walidai ajira, uhuru na heshima ya taifa kwa pamoja, na rais aliyekuwa madarakani tangu mwaka 1987 akaikimbia nchi tarehe 14 Januari 2011.

Wizi wa kura una nguvu ya pekee kwa sababu hiyohiyo. Dharau ya kila siku humpata kila mtu kwa wakati wake na mahali pake: huyu kituo cha polisi, yule ofisi ya ardhi, mwingine hospitalini. Uchaguzi ulioibwa huwadharau watu wote kwa siku moja, kwa namna ileile, huku kila mmoja akijua kwamba jirani yake naye amedharauliwa. Wasomaji wengi humu wanaukumbuka au wamesimuliwa uchaguzi wa mlolongo wa mwaka 1988 nchini Kenya, ambapo wapiga kura walipanga foleni nyuma ya mawakala wa wagombea hadharani, na bado mstari mfupi ukaweza kutangazwa kuwa ndio mrefu. Siri ya kura ilikuwa imeondolewa, na pamoja nayo kikaondoka kisingizio cha kusema kwamba hatujui watu walimchagua nani. Miaka miwili baadaye, tarehe 7 Julai 1990, maandamano ya Saba Saba yalikuja na dai moja lililoeleweka kwa kila mtu: kifungu cha 2A, kilichoifanya nchi kuwa ya chama kimoja kwa sheria, kifutwe. Kilifutwa Desemba 1991.

Ufilipino wana kisa chao ambacho mimi hukipenda zaidi. Baada ya uchaguzi wa tarehe 7 Februari 1986, wataalamu wa kompyuta wapatao 30 waliokuwa wakijumlisha kura kwa niaba ya tume ya uchaguzi waliona kwamba takwimu zinazotangazwa hazifanani na zile walizoingiza. Usiku wa tarehe 9 waliinuka, wakabeba diski zao na kutoka ukumbini mbele ya waandishi wa habari. Hawakuwa wanaharakati, na hakuna anayesema kwamba walikosa chakula. Walikuwa watu wa kazi yao waliokataa kuifanya kazi hiyo kwa uongo. Wiki mbili hivi baadaye barabara kuu ya EDSA mjini Manila ilijaa watu, na Rais Ferdinand Marcos akaondoka nchini tarehe 25 Februari.

Kuhusu fikra zenyewe, naomba nipinge wazo kwamba lazima ziwe za kigeni au za kifalsafa sana. Mara nyingi waandamanaji hawaleti fikra mpya; humshika mtawala kwa maneno aliyoyatia saini mwenyewe. Chekoslovakia ilitia saini makubaliano ya Helsinki ya mwaka 1975, na mwaka 1976 mikataba ya kimataifa ya haki za binadamu ikawa sehemu ya sheria zake. Mwaka huohuo vijana wa bendi ya muziki wa roki walishtakiwa na kufungwa kwa sababu ya nyimbo zao. Hati ya 77, iliyowaunganisha mwanafalsafa Jan Patočka, mwandishi wa tamthilia Václav Havel na aliyekuwa waziri wa mambo ya nje Jiří Hájek, iliitaka serikali itii sheria zake yenyewe. Patočka alifariki Machi 1977 baada ya kuhojiwa na polisi kwa muda mrefu. Hata lile dai la kwanza la Gdańsk lilitaja mkataba wa Shirika la Kazi Duniani ambao serikali ya Poland ilikuwa imeuridhia.

Na kina mama wa Argentina, waliokusanyika katika uwanja wa Plaza de Mayo kuanzia Aprili 1977, hawakutaka zaidi ya kujua watoto wao waliotekwa na askari wako wapi. Mikusanyiko ilikuwa marufuku na polisi waliwaamuru watembee wasisimame, nao wakatembea kweli, wakiuzunguka uwanja, wiki baada ya wiki. Swali lao lilikuwa la kifamilia kabisa, lakini utawala wa kijeshi haukuweza kulijibu na ukabaki kama ulivyo.

Penye Wengi amejibu:

Nimesoma majibu mawili ya juu kwa makini na nayaheshimu, lakini yananitia wasiwasi kidogo, kwa sababu yanaufanya umati uwe na nia moja. Jina langu la humu nililichukua kwenye methali ambayo wote mnaijua, na kila ninaposoma habari za viwanja vilivyojaa watu huiona ikitimia.

Chukueni Leipzig. Tarehe 9 Oktoba 1989 watu wapatao 70,000 waliandamana wakisema kwamba wao ndio wananchi, yaani kwamba wale wanaotawala kwa jina la wananchi wanasema uongo. Waanzilishi wa vuguvugu lile, wengi wao wakiwa watu wa makundi ya amani, ya mazingira na ya makanisa, walitaka Ujerumani Mashariki iliyorekebishwa, yenye mijadala ya wazi na ujamaa wa aina nyingine. Ukuta wa Berlin ulipofunguliwa mwezi Novemba, kauli ya mitaani ilibadilika na kuwa kwamba Wajerumani ni taifa moja. Uchaguzi huru ulipofanyika tarehe 18 Machi 1990, muungano wa wale waanzilishi uliambulia asilimia 2.9 ya kura. Waliobeba mishumaa walikuwa na fikra. Waliowafuata walikuwa na fikra nyingine, au walikuwa na hamu ya kuishi kama jamaa zao wa upande wa pili, nayo ni haki yao. Siwalaumu, ila nasema kwamba tukiwahoji waanzilishi peke yao, tutapata jibu lisilo la umati.

Mtafiti Mark Beissinger alichunguza takwimu za maoni ya walioshiriki katika Mapinduzi ya Rangi ya Chungwa nchini Ukraine mwaka 2004, akaona kwamba wengi wao hawakuwa na msimamo thabiti kuhusu misingi ya demokrasia. Kilichowaunganisha ni kumkataa aliyekuwa madarakani, na pia utambulisho wao wa lugha na utamaduni. Mtu anaweza kuwa na hakika kabisa kuhusu anachokikataa huku akiwa hajafikiria bado anachokitaka, na pengine hilo ndilo linalouwezesha umati kuwa mkubwa, kwa sababu kukataa kunawakusanya watu ambao mjadala wa katiba ungewatawanya kabla ya saa sita mchana.

Gharama yake huonekana baadaye. Mjini Cairo, watu wa mrengo wa dini, wa mrengo wa kushoto na vijana wasio na mrengo walisimama pamoja katika uwanja wa Tahrir hadi Rais Hosni Mubarak alipojiuzulu tarehe 11 Februari 2011. Sehemu kubwa ya watu haohao walikuwa mitaani tena mwishoni mwa Juni 2013 wakitaka rais waliyempata kwa kura aondoke, na tarehe 3 Julai jeshi likamwondoa huku baadhi yao wakishangilia. Tunisia, ambayo Ndugu Mizani ameitaja, ilipata katiba mpya mwaka 2014 baada ya majadiliano marefu, lakini rais wake aliposimamisha bunge tarehe 25 Julai 2021, wapo wengi waliotoka nje kusherehekea, kwa kuwa walikuwa wamechoka na wabunge. Walioandamana mwaka 2011 kwa ajili ya ajira walikuwa bado hawana ajira. Nadhani hapo mkondo wa pili wa waandishi uliowataja, Ndugu Mdadisi, una hoja ambayo haipaswi kubezwa.

Shajara amejibu tena:

Ndugu Penye Wengi ana hoja nzito, na sina ugomvi nayo. Ningependa tu kusema neno kuhusu swali la pili la Mdadisi ambalo hatujaligusa, yaani kwa nini juma lile na si jingine, kwa sababu Leipzig inalijibu vizuri.

Mwanauchumi Timur Kuran alieleza kwamba katika utawala wa kiimla watu hutangaza hadharani maoni wasiyoyaamini, na kwa kuwa kila mmoja hufanya hivyo, kila mmoja hudhani kwamba yuko peke yake. Chuki inaweza kuwa imeenea nchi nzima bila mtu yeyote kuiona, si watawala tu bali hata wenye chuki hiyo wenyewe. Kinachohitajika ili watu watoke si shida kuongezeka. Ni kila mtu kupata habari kuhusu wenzake. Tarehe 7 Mei 1989, katika uchaguzi wa serikali za mitaa wa Ujerumani Mashariki, wananchi wachache waliamua kuitumia sheria iliyoruhusu umma kushuhudia kuhesabiwa kwa kura. Walikaa vituoni na daftari, wakaandika kura za kukataa, wakajumlisha. Serikali ilipotangaza kwamba asilimia 98.85 waliwakubali wagombea, wao walikuwa na hesabu za vituo vyao zinazokanusha, na kila aliyepiga kura ya kukataa akajua kwamba hakuwa peke yake. Kuanzia hapo ibada za Jumatatu katika kanisa la Mtakatifu Nikolai zikawa mahali pa kuhesabiana. Kila Jumatatu iliyopita bila risasi iliwapa ujasiri waliobaki nyumbani, na juma lililofuata lile la watu 70,000, umati ulizidi 100,000. Erich Honecker, kiongozi wa Ujerumani Mashariki, aliondoka madarakani tarehe 18 Oktoba.

Ndiyo maana watawala wa namna hiyo huogopa sana mikusanyiko midogo isiyo na madhara yoyote. Wanaelewa hesabu hiyo kuliko wanavyokubali.

Mizani ameongeza:

Kwa kuwa bila shaka kuna msomaji atakayeuliza kuhusu fedha za kigeni, naomba nilijibu hilo mapema. Vuguvugu la vijana la Otpor, lililoanzishwa na wanafunzi wa Belgrade, nchini Serbia, mwaka 1998, lilipokea fedha kutoka Marekani, na jambo hilo si siri. Fedha zile zilichapisha stika na kugharimia mafunzo. Lakini Rais Slobodan Milošević alipokataa kukubali matokeo ya uchaguzi wa tarehe 24 Septemba 2000, waliombana zaidi ni wachimbaji wa makaa ya mawe wa Kolubara, waliogoma na kuhatarisha umeme wa nchi, na wakazi wa miji ya mikoani waliokuja Belgrade kwa malori na matingatinga tarehe 5 Oktoba. Hakuna ubalozi uliokuwa na uwezo wa kuwaamuru wachimbaji wale wakae nje ya mgodi. Mwenye kuandika historia ya tukio lile anapaswa kuyataja yote mawili, na kila moja kwa uzito wake.

Mdadisi amejibu:

Ninawashukuru wote. Nimenufaika kuliko nilivyotarajia, hasa na kile kisa cha tarehe 16 Agosti ambacho sikuwa nakijua. Hata hivyo bado nina jambo moja. Mifano yenu mingi ni ya nchi zilizokuwa katika dhiki ya uchumi au angalau katika mdororo. Je, kuna mahali ambapo watu walidai demokrasia wakati uchumi unakua na mifuko yao ikijaa? Maana kama papo, basi ile njia ya Ndugu Shajara ya kutoka kwenye bei hadi kwenye katiba haiwezi kuwa njia pekee.

Penye Wengi amejibu:

Papo, Ndugu Mdadisi, na ni mfano unaonisumbua hata mimi ninayependa kuwatetea watu wa tumbo. Ni Korea Kusini ya mwaka 1987.

Uchumi wake ulikuwa ukikua kwa zaidi ya asilimia 10 kwa mwaka. Tarehe 14 Januari mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Taifa cha Seoul, Park Jong-chul, alifia mikononi mwa polisi waliokuwa wakimtesa, nao wakatoa maelezo kwamba afisa aliipiga meza kwa mkono na kijana akaanguka akafa. Mwezi Mei mapadri wa Kikatoliki walifichua kwamba hata kesi ya polisi walioshtakiwa kwa kifo hicho ilikuwa na ufichaji ndani yake. Katikati ya mambo hayo, tarehe 13 Aprili, Rais Chun Doo-hwan alitangaza kwamba hakutakuwa na mabadiliko ya katiba, maana yake wananchi wasingemchagua rais moja kwa moja. Mwezi Juni wanafunzi walipojaza mitaa ya Seoul, walijiunga nao wafanyakazi wa maofisini waliovaa tai, waliotoka wakati wa chakula cha mchana na baada ya kazi. Hao walikuwa wamefaidika na ukuaji ule. Tarehe 29 Juni Roh Tae-woo, mgombea wa chama tawala, alikubali uchaguzi wa moja kwa moja. Kisha wapinzani wakuu wawili, Kim Young-sam na Kim Dae-jung, wakagawana kura mwezi Desemba, na Roh huyohuyo akashinda kwa takriban asilimia 36.

Kinachonishangaza zaidi ni kilichofuata Juni. Mara tu serikali ilipolegea, viwanda viliwaka. Kati ya Julai na Septemba palitokea migogoro ya kazi zaidi ya 3,000. Kwa hiyo hapo mwendo wa Ndugu Shajara ulienda kinyume: kura ilitangulia, mshahara ukafuata. Watu wa viwandani walikuwa na madai yao siku zote, lakini walingoja hadi waone kwamba anayedai hatapigwa risasi. Na ukiyasoma madai ya wafanyakazi wa Hyundai mjini Ulsan, utakuta kwamba pamoja na nyongeza ya mshahara na chama huru cha wafanyakazi, waliandika kwamba waachwe wafuge nywele kwa urefu wanaoutaka.

Shajara amejibu:

Basi ninakubali kwamba njia ni mbili. Dai la nywele silihesabu upande wa mshahara wala upande wa katiba. Nadhani Ndugu Mizani atalichukua.